Dufie Kioo Ufa

Mafundi wawili wa kwanza walimwambia Dufie aitupe simu ile anunue mpya. Wa tatu hakumwambia kitu. Aliipokea, akaigeuza, akapitisha kidole gumba juu ya ufa uliokatiza kioo kutoka pembe hadi pembe, kisha akamsogezea kigoda.

"Kaa, dada. Habari za mgonjwa hazisimuliwi kwa kusimama."

Ilikuwa Ijumaa saa sita mchana, Adum, kwenye mstari wa meza za mafundi wa simu ambako mji mzima wa Kumasi hupigana vikumbo na hakuna anayemwomba mwenzake radhi. Dufie alikuwa amevaa kaba ya bluu, blauzi ya kitenge iliyomkaa kiunoni sawasawa, kazi ya mikono yake mwenyewe, na tepu ya kupimia bado ilikuwa shingoni kwa vile alitoka mbio kwenye kibanda chake cha ushonaji kule Asafo. Fundi aliitwa Obiri. Alikuwa mrefu, mwenye bisibisi ndogo nyuma ya sikio na shati jeupe lililopigwa pasi, jambo ambalo kwa fundi wa simu si la kawaida. Dufie aliliona lile shati kabla hajauona uso.

Akaeleza shida yake. Alikuwa ameifuta mwenyewe programu ya meseji ili apate nafasi ya picha, akijua ataishusha tena. Sasa simu inazunguka, inazunguka, halafu inamwambia ajaribu baadaye. Tangu Jumatatu ni baadaye tu, na wateja wake wote humtumia mishono humo.

"Simu yako inadhani leo ni mwaka juzi," Obiri alisema. "Betri ilikauka, tarehe ikarudi nyuma. Duka la programu halimfungulii mtu asiyejua leo ni lini."

Akarekebisha tarehe. Akafuta takataka zilizokwama ndani ya duka lenyewe. Bado ikakataa, maana simu ilikuwa imejaa hadi kooni, picha elfu moja na mia tisa za magauni. Akaanza kuzihamishia kwenye memori kadi, mara akasita.

"Huyu kaka wa shati la kijani naye ni gauni?"

"Huyo ni mteja."

"Yuko kwenye picha kumi na mbili. Ameshonewa mashati mangapi?"

"Fundi, unatengeneza simu au unafungua mashtaka?"

Obiri akacheka, akainama tena. Likabaki jambo la mwisho. Simu ilikuwa ya mkono wa pili, na duka lilidai nywila ya akaunti ya mwenye simu wa kwanza, mtu ambaye Dufie hakumjua hata kwa jina. Yeye mwenyewe akaunti hakuwa nayo. Obiri akaiondoa ile ya zamani akamwekea ya kwake yeye fundi. Akamwambia asiwe na wasiwasi, wateja wake wote huwawekea hiyo hiyo, kwani ukianza kumfungulia kila mtu ya kwake jua litazama na foleni iko pale pale. Mafundi wa Adum wengi hufanya hivyo. Dufie naye aliona ni ukarimu tu.

Programu ikashuka, toleo la zamani kidogo linaloiweza simu ile. Kabla hajaondoka, Obiri aliiandika namba yake kama alivyoandika za wateja wote, jina kwanza, ugonjwa baadaye: Dufie Kioo Ufa.

Kesho yake akampigia.

"Simu inaendeleaje?"

"Haijambo."

"Na mwenye simu?"

Dufie alikuwa na mguu kwenye cherehani na pini mdomoni. Akaitoa pini. "Mwenye simu ana njaa."

Haikupita nusu saa, Obiri alikuwa mlangoni Asafo na kenkey mbili, madonge ya unga wa mahindi, pamoja na samaki wa kukaanga na pilipili nyeusi ya kuchovya. Tangu siku ile, mapenzi yakawa hayana breki. Alipiga asubuhi kuuliza kama simu imeamka salama, akapiga mchana kuuliza kama haijapata homa. Wanafunzi wa Dufie wakawa wanaitikia kabla yake: haijambo, shemeji.

Lakini Dufie alikuwa na wivu, na mimi sitamfichia. Aliurithi kwa mama yake pamoja na cherehani. Na mtu asiyeona wivu Adum hana macho: wanawake walikuja kwenye meza ile kutwa nzima, wakaegemea, wakainama, wakacheka vichekesho visivyochekesha. Aliyemkera zaidi ni Akyaa, muuza nywele bandia, mwanamke wa mikufu miwili na manukato yanayofika kabla yake. Akyaa alimwita kila mtu mpenzi wangu, hata muuza nyama. Dufie alilijua hilo. Kulijua hakukumsaidia.

Obiri naye hakuwa malaika. Kila Dufie alipompima mwanamume kiuno, fundi alikuta ghafla ana shughuli Asafo, akakaa mlangoni akihesabu inchi. Yule wa shati la kijani aliacha kuja kabisa. Siku moja wakagombana hadi kibanda kizima kikanyamaza, na baada ya ugomvi Obiri akachukua kidole cha Dufie akamfundisha mchoro wa kufungulia simu yake.

"Siku ukiwa na shaka, fungua," alimwambia. "Usiniulize. Fungua uone."

Miezi minane ikapita. Siku ya kubisha hodi, yaani ya posa, ikapangwa, Jumamosi, Mampong, nyumbani kwa mama yake Dufie, Mama Birago. Mjomba wa Obiri alishanunua chupa mbili za pombe kali na kuzifunga utepe. Kwetu mlango ukishabishiwa na kinywaji kikapokelewa, binti ana mwenyewe. Kikirudishwa, ukoo mzima umerudishwa, na hakuna ajuaye watarudi tena lini.

Alhamisi, siku mbili kabla, Dufie alimpelekea Obiri chakula, waakye ya moto, wali wa maharage, ndani ya majani na yai juu yake. Hakumkuta. Jirani wa meza ya pili akasema amekimbia mara moja kutafuta betri, simu yake ile pale kwenye chaji. Dufie akakaa kwenye kigoda kile kile cha siku ya kwanza. Simu ikaita.

Kwenye kioo kuliandikwa Sukari Yangu.

Dufie aliitazama ikiita. Ikakatika, ikaita tena. Akaipokea asiseme neno.

"Obiri, mpenzi wangu," sauti ilisema, na ilikuwa ya Akyaa, "kile kitu changu tayari? Nakitaka leo, kabla mume wangu hajarudi."

Dufie akakata. Alikumbuka alivyoambiwa, ukiwa na shaka fungua. Akachora mchoro, akafungua orodha ya majina, na alichokiona humo hata mimi ningekaa chini. Asali. Asali wa Bantama. Mpenzi. Mpenzi wa Pili. Mke Mdogo. Nuru ya Macho. Roho Yangu. Hilo la Roho Yangu lilimchoma kuliko yote, maana ni neno ambalo yeye mwenyewe hulitumia kwa mtu mmoja tu duniani.

Kisha akajitafuta. Mtu akishaumia hutaka kujua ameumia kiasi gani. Akashuka hadi herufi ya D, akajikuta: Dufie Kioo Ufa.

Wenzake wana sukari na asali, yeye ana ufa.

Hakusoma namba hata moja. Alifuta majina matamu tu, moja baada ya moja, akihesabu kwa midomo. Yakawa arobaini. La arobaini na moja akafuta la kwake. Akairudisha simu kwenye chaji, akaiacha waakye juu ya meza, akaondoka. Njiani alilia waziwazi, akiwa na kaba yake ya njano na hereni zake, na watu wa Adum wakampisha.

Obiri alimpigia jioni ile mara tisa. Dufie hakupokea. Mara ya kumi akaizima kabisa, akalala na nguo.

Ijumaa asubuhi aliiwasha kwa ajili ya jambo moja tu: kumpigia mama yake Mampong amwambie kesho mlango usifunguliwe. Ampigie mapema, kabla mama hajawaita wazee wa ukoo na kuchinja kondoo. Yeye mwenyewe hakuweza kwenda, alikuwa na gauni la bibi harusi la kukabidhi jioni. Akafungua orodha, akatafuta Roho Yangu.

Haipo.

Mama alibadili laini wakati wa Pasaka na Dufie hakuishika kichwani namba mpya hata tarakimu tatu. Akatazama simu zilizopigwa karibuni, hamna kitu, kwani ndivyo Obiri alivyomfundisha, kila jioni afute kila kinachofutika ili simu kuukuu ipumue. Akatafuta tena Roho Yangu. Hata yale majina asiyoyajua, aliyoyaona humo siku nyingi akidhani ni mabaki ya mwenye simu wa kwanza, mengine hayapo.

Akili yake iliruka moja kwa moja kwa Obiri. Alijiambia, amejua, ameingia kwenye simu yangu kwa ufundi wake, ameiba namba ya mama ili nisiweze kumkataa. Hasira zikampandisha gari, hasira zikamteremsha Adum.

Meza ya Obiri haikuonekana kwa watu. Walikuwa si chini ya ishirini, kila mmoja na simu mkononi, kila mmoja anataka kusikilizwa yeye kwanza. Mbele kabisa alisimama Bibi Pokuaa, muuza viazi vikuu wa soko la Kejetia, na kitambaa chake cheusi kichwani.

"Mwanangu yuko Italia," alikuwa anasema. "Tangu ananyonya namwita Asali, na ndivyo alivyoandikwa humu. Jana mchana nataka kumpigia, Asali hayupo. Nimtafute wapi mimi, Italia ni kubwa."

Kando yake mwanamume mfupi mwenye jasho alikuwa anapunga simu yake. Yeye alimwandika mkewe Sukari Yangu kwa mkono wake mwenyewe, na sasa Sukari amefutika. Mkewe alikuwa pale pale, mikono kiunoni. Alikuwa Akyaa.

"Tangu jana nagombana na mtu ninayelala naye," Akyaa alimwambia Obiri. "Anasema nimejifuta mimi ili asinipate. Na kompyuta yake niliyoiangusha majini, niliyokuomba uitengeneze kabla hajarudi, ameshaijua. Mpenzi wangu, umeniua mara mbili."

Dufie alisimama nyuma yao asiweze kusogea. Asali ni mtoto wa Bibi Pokuaa. Sukari ni Akyaa, lakini wa mumewe. Na Roho Yangu? Alijibu mwenyewe kabla hajamaliza kujiuliza. Roho Yangu alikuwa Mama Birago. Alimfuta mama yake mzazi kwa kidole chake mwenyewe, na ndilo jina lililomtia uchungu kuliko yote.

Obiri alikuwa amesimama nyuma ya meza, shati halijapigwa pasi, macho mekundu.

"Kosa ni langu," alisema. "Niliwawekea nyote akaunti moja, ya kwangu, kwa kuwa ni kazi nyepesi. Mnachoandika kwenye simu zenu kinaingia kwangu. Kikifutwa kwangu kinafutika kwenu. Nilijua majina yanajaa, nikaona aibu kusema. Namba zangu za kupigia nilizishika kichwani, ile orodha nikaacha kuifungua."

"Nani kafuta?" Bibi Pokuaa akauliza.

Obiri akainua macho akamwona Dufie. Wakatazamana juu ya vichwa vya watu.

"Yamefutikia mezani kwangu, bibi. Atakayelaumiwa ni mimi."

Dufie angeweza kunyamaza. Wengi wetu tungenyamaza. Yeye akawapenya watu akafika mbele.

"Nimefuta mimi."

Akyaa akageuka kumtazama. Bibi Pokuaa akamkagua kuanzia viatu mpaka nywele.

"Kwa nini, mwanangu?"

"Wivu, bibi."

Bibi Pokuaa akashusha pumzi. "Afadhali. Nilidhani ni wezi."

Watu wakacheka, Obiri hakucheka. Akawaambia hakuna kilichopotea kabisa, orodha inaweza kurudishwa ilivyokuwa jana asubuhi, anahitaji tu kompyuta ya jirani anayechapa barua. Kisha ataanza, mmoja mmoja, kila mtu atafunguliwa akaunti yake, hata kama itachukua mwezi. Dufie alimsikiliza mpaka mwisho. Aibu ilikuwa imemjaa, lakini palibaki donge moja ambalo lisingemezeka.

"Hizo asali na sukari ni za watu, nimeelewa," alisema taratibu. "Lakini Kioo Ufa ni mimi. Miezi minane, Obiri. Hukuwahi kuona haja ya kunipa jina?"

"Niliandika siku ya kwanza, kabla sijakujua. Sijalitafuta tena."

"Kwa nini?"

"Ya nini? Hata wewe nikutafute kwenye orodha?"

"Maneno matamu unayo. Sasa hivi sipo kwenye orodha yako. Nimejifuta mwenyewe."

Obiri akanyoosha mkono kwa Bibi Pokuaa, akamwomba simu yake. Bibi akampa. Akaminya tarakimu kumi bila kutazama, macho yakiwa kwa Dufie, na simu yenye ufa ikaita mkononi mwa Dufie, namba ngeni. Watu wakasogea. Dufie alisimama hatua mbili kutoka kwake, akaipokea, akaiweka sikioni.

"Nani?"

"Simu inaendeleaje?"

"Imepoteza namba ya mama."

"Na mwenye simu?"

Machozi yalikuwa yameshafika kidevuni naye hakuyafuta.

"Mwenye simu ana aibu."

"Kesho nije, nisije?"

"Nilitaka kumwambia mama asikufungulie," Dufie alisema kwenye simu, ingawa angeweza kusema bila simu. "Sikuwa na namba yake."

"Kwa hiyo mlango uko wazi."

"Uko wazi kwa bahati mbaya."

"Dufie. Nije?"

"Njoo. Na shati lipigwe pasi."

Bibi Pokuaa akadai simu yake, akisema dakika zile si za bure.

Majina yote yalirudi saa saba mchana. Asali alipigiwa Italia pale pale, akafokewa kwa kutopokea haraka. Sukari akarudi kwa mumewe, wakaondoka hawasemezani. Roho Yangu alipoulizwa kama kila kitu kiko tayari, alijibu kondoo ameshachinjwa, mbona anaulizwa maswali ya ajabu.

Jumamosi Mampong, mjomba wa Obiri alibisha hodi kama inavyopasa, akakaribishwa, akaeleza kuwa wameona ua zuri ndani ya nyumba hii. Chupa zikawekwa mezani. Msemaji wa ukoo akamgeukia Dufie, aliyevaa kaba nyeupe yenye dhahabu, akamuuliza kama anawajua watu hawa na kama kinywaji kipokelewe. Dufie akasema kipokelewe. Akaulizwa mara ya pili, akasema hivyo hivyo. Mara ya tatu akamtazama Obiri kwa muda mrefu kidogo, mpaka mjomba akakohoa, mpaka Obiri akaanza kutoa jasho ndani ya shati lake la pasi. Hapo ndipo aliposema mpokee, mnywe.

Baadaye wakakaa wawili chini ya ukingo wa paa, wazee ndani wakishindana kusimulia. Obiri akatoa simu, akafungua herufi ya D. Akamwonyesha, Dufie Kioo Ufa, limerudi pamoja na wenzake. Akalifuta neno la mwisho hadi la kwanza, akaanza kuandika herufi mpya: M, K, E.

Dufie akamshika mkono.

"Akaunti hii bado iko kwenye simu za watu wangapi?"

Obiri akafikiri. "Nimeshafungulia sita. Wamebaki kama mia tatu."

"Kwa hiyo ukiandika Mke Wangu, namba yangu inatokea Mke Wangu kwa wanaume mia tatu."

"Sio wote wanaume."

"Na wake zao watanipigia wote Jumatatu." Akachukua simu, akaandika yeye mwenyewe, Dufie Kioo Ufa, akabonyeza kuhifadhi. "Liache hili mpaka umalize. Kioo Ufa hakuna atakayemgombania."

"Mimi nimemgombania."

"Wewe mchoro wako ninao mimi."

Obiri akanyoosha mkono apewe simu yake. Dufie akaitia kwenye mkoba wake, akafunga zipu, na huko ikakaa mpaka jioni.